Mwaka Walipotutaka Tulie Tena

Mwezi uliopita tulimzika mama yangu mdogo, Mama Sayi, na nilipofika msibani nilikuta wamemtundika mtu mwingine. Sisemi picha mbaya, wala picha ya zamani. Nasema mtu mwingine. Bango kubwa la plastiki lilikuwa limefungwa kwenye nguzo za turubai, lina maua pembeni na jina kamili la marehemu, na juu ya jina hilo anatuangalia mwanamke ambaye ukoo wetu haujamzaa wala kumwoa. Wajukuu wa Dar es Salaam ndio waliolichapisha. Wao bibi yao walimjua akiwa kikongwe tu. Wakataka picha ya siku ana nguvu zake, hawakuipata, wakaingia kwenye simu wakakuta filamu, na ndani ya filamu wakakuta uso wenye jina la bibi chini yake. Wangejuaje? Sayi mwenyewe, mtoto wake wa kwanza, siku wanalichapisha alikuwa Mwanza hospitali anahangaikia mwili. Niliomba kisu kwa kina mama waliokuwa wakimenya viazi, nikazikata kamba kwa mkono wangu, bango likaanguka kifudifudi nikaliacha hapo hapo. Shemeji yangu mmoja akaniuliza kwa upole, "Dada Minza, hasira za nini msibani?" Sikumjibu, kwa sababu jibu lake ni mwaka mzima, na watu walikuwa wanangoja kwenda kaburini.

Mwaka huo nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, nangoja matokeo, na binti anayengoja matokeo ni mali ya kila mtu: mara achote maji, mara apeleke kuku mnadani, mara asomee jirani barua. Nilikaa kwa Mama Sayi, kijiji kimoja cha nje ya mji wa Geita ambacho siku hizo kilikuwa nusu mashamba, nusu machimbo. Nyumba yake ilikuwa ya matofali ya kuchoma, vyumba vitatu na sebule, na sebule ile naikumbuka kuliko vyumba vyote nilivyopata kulala: makochi mawili yaliyovishwa vitambaa vya kufuma, meza yenye mguu mmoja uliotegeshwa kwa jiwe, gunia la karanga nyuma ya mlango, na harufu ya nsansa, yale majani ya kunde yaliyokaushwa, ambayo hata ukipika kitu kingine haitoki. Asubuhi tulikula matobolwa, viazi vitamu vilivyochemshwa vikaanikwa mpaka vikawa vigumu kama ngozi, tukivitafuna taratibu na karanga huku chai inapoa. Na muda wote huo, tangu kunakucha mpaka jua linazama, lilikuwepo karasha. Asiyejua machimbo nimweleze: ni mashine ya dizeli ya kusaga mawe ya dhahabu, na karasha la Baba Juma lilikuwa ng'ambo ya uzio wetu, linaunguruma mpaka vikombe vinatetemeka kabatini. Wageni liliwakera. Sisi tulikuwa tunashtuka likizimwa.

Katika nyumba ile kulikuwa na jambo moja ambalo halijakwisha. Mjomba Luhende, kaka yao Mama Sayi na mama yangu, alikwenda Ujerumani angali kijana kusomea miamba, akaoa huko, akazaa huko, akafia huko. Habari ya kifo ilikuja kwa barua, miaka kadhaa kabla ya mwaka ninaousimulia. Wazee wakataka kuweka matanga, Mama Sayi akakataa. Alisema hawezi kulilia karatasi. Ngojeni, alisema, mpaka kije kitu chochote kilichogusa mwili wake, tumlaze zizini karibu na baba yake, ndipo tunyoe. Maana kwetu mwenye mji hulazwa ndani ya zizi lake, ng'ombe wapite juu yake kila siku, na babu alikuwa humo. Watu walimwona mkaidi. Mimi nililala chumba kinachopakana na chake, nikajua ukaidi ule ulikuwa unamla. Hakucheza ngoma ya mavuno, hakukaa mbele kwenye harusi ya mtu yeyote, na akicheka alikuwa anajikatiza katikati, kama mtu aliyekumbuka kwamba ndani kwake kuna maiti. Kiu yake ilikuwa moja tu: amlilie kaka yake sawasawa, mara moja, amalize.

Basi alipoandika Klara, binti wa mjomba, kwamba anakuja, nyumba nzima iliinuka. Klara alikuwa mtengeneza filamu, zile za maisha ya watu halisi. Barua yake ilieleza kwa Kiingereza kirefu kwamba anatengeneza filamu kuhusu watu waliotawanyika, kuhusu kumbukumbu, na kuhusu mtu kuwa nani pale anapokuwa na kwao kuwili. Nilimtafsiria Mama Sayi yote hayo, akasikiliza kwa adabu. Mwishoni Klara aliandika kwamba atakuja na mchanga wa kaburi la baba yake. Hapo Mama Sayi aliniambia nirudie kusoma, nikarudia, akaniambia nirudie tena, kisha akatoka nje akasimama peke yake mlangoni mwa zizi.

Alikuja kiangazi, mavuno yameingia. Alishuka kwenye gari la kukodi ana uso wa mama yangu mzazi, ule ule, isipokuwa rangi imechanganywa maziwa, na akapiga magoti vumbini kama alivyofundishwa akasema, "Shikamoo, shangazi." Mama Sayi akaitikia marahaba, akamwinua, akamshika mashavu, akaniambia kwa Kisukuma nimwambie kwamba amechelewa lakini amefika. Alikuwa na mwenzake, Tomas, mtu mrefu asiyesema sana, ndiye mpigapicha na ndiye mshika sauti. Walipanga gesti moja ya Kalangalala, mjini Geita, na mimi nikawa mkalimani wao. Na niseme ukweli, nilimpenda Klara. Alikuwa na miaka kumi zaidi yangu, anavuta sigara mbele ya wazee bila kujua, anakula nsansa mpaka anaramba vidole. Ndiye aliyenivisha vile vidubwasha vya masikioni kwa mara ya kwanza, akanielekezea kipaza sauti kwenye kuku, kwenye mchi, kwenye mlango wetu wa bati, nikasikia kwetu kama mtu anayepita njia. Kazi ninayoifanya leo Kahama, ya kamera, ilianzia masikioni mwangu siku ile. Ndiyo maana hasira yangu haiwezi kuwa ndogo. Mtu asiyekufaa kwa lolote akikukosea unamsahau.

Jioni nilikuwa nawasindikiza gesti kupanga kanda za siku hiyo. Kuta zilikuwa za mbao nyembamba, na mimi nilikaa ukumbini na sahani ya chipsi mayai, nasikia kila kitu. Tomas hakujua Kijerumani, kwa hiyo walisemezana Kiingereza, na walidhani changu ni cha kutafsiria tu, si cha kusikilizia. Tomas alisema, "Hii mashine itatumaliza. Hapa hakuna kijiji, kuna kiwanda." Klara akamjibu, "Baba hakuwahi kuniambia kuna mashine. Aliniambia kuna ng'ombe na kimya." Tomas akasema, "Basi itabidi tukitafute hicho kimya." Nikacheka peke yangu na chipsi zangu. Leo sicheki. Nimeshakaa kwenye mikutano mingi ya watu wazima wanaojadili utambulisho na ughaibuni, wana vitambulisho shingoni, na nimejifunza kwamba mtu akiondoka huchukua kwao kulivyokuwa siku aliyoondoka, anakwenda nako, anamrithisha mtoto. Hilo si kosa. Kosa ni mtoto kurudi nako na kutudai sisi tuliobaki tufanane nako, na tusipofanana, ni sisi tulioharibika.

Siku moja kabla ya kilio, Baba Juma alikuja mwenyewe, baraghashia yake mkononi. Alikuwa mtu wa Tabora, mwenye heshima zake. Akasema, "Mama Sayi, poleni na msiba. Kesho nitalizima karasha mpaka mmalize." Mama Sayi alikuwa anapembua mchele. Akamwambia, "Usilizime, Baba Juma. Kaka yangu aliwaacha ng'ombe akaenda kusomea mawe. Acha asikie yanavyosagwa kwao." Baba Juma akatabasamu, akasema, "Haya, mama, atayasikia." Klara alikuwepo. Nilimtafsiria neno kwa neno, na aliitikia kwa kichwa, akasema ni maneno mazuri sana. Naomba msomaji asisahau kwamba alitafsiriwa.

Asubuhi yake ng'ombe walitolewa mapema. Shimo dogo lilichimbwa pembeni ya babu. Mchanga ulikuwa ndani ya kopo la kahawa lenye maandishi ya Kijerumani, na Mama Sayi hakukubali uingie ardhini na kopo. Aliumimina kwenye kipande cha ngozi ya ng'ombe, akaukunja na kuufunga kwa kamba kama anavyofungwa mtu, akaupakata. Kisha akalia. Sijui niuelezeje mlio ule, kwa sababu sijausikia tena. Alimwita kaka yake kwa jina la utotoni, kwa jina la ukoo, kwa jina alilomtania walipokuwa wanachunga pamoja. Alimgombeza. Alimwuliza kama huko alikolala walimpa hata uji. Karasha linaunguruma ng'ambo, yeye analia juu yake, kina mama wote wanampokea. Klara alikuwa amesimama karibu na Tomas nyuma ya kamera. Ghafla akaiacha kamera, akaja anakanyaga mavi ya ng'ombe na viatu vyake vyeupe, akaanguka kando ya shangazi yake, akalia kwa lugha ambayo hakuna mtu pale aliyeijua, na hakuna aliyehitaji kutafsiriwa. Tulifukia. Mchana tukanyolewa wote kwa wembe chini ya ukuta wa jikoni, Klara pia, nywele zake nyekundunyekundu zikachanganyika na zetu. Tukala ugali wa udaga, ule wa muhogo uliovundikwa, na nyama. Na baada ya kula Mama Sayi alilala kochini mchana kweupe, mdomo wazi, anakoroma, jambo ambalo sikuwahi kuliona tangu nimjue. Hakuna aliyemwamsha.

Kesho yake walifika saa ya chakula. Tomas hakukaa, alisimama mlangoni na vidubwasha vyake shingoni, anatikisa kichwa. Klara alikaa, akakataa kunawa, akaniomba nitafsiri. Nilitafsiri. Nilisema, "Mama mdogo, dada Klara anasema sauti ya jana imeharibika. Karasha limefunika kila kitu. Anaomba mchanga ufukuliwe, halafu tufanye tena kesho kama jana, karasha likiwa limezimwa. Anasema Baba Juma atapewa kitu kidogo."

Mama Sayi alikuwa na tonge mkononi. Alilirudisha sahanini.

"Tufanye tena nini?" akauliza.

"Kilio."

Alivuta bakuli akanawa, ingawa chakula kilikuwa hakijafika nusu. Akaifuta mikono yake kidole kimoja kimoja. "Muulize kama Ujerumani walimzika mara mbili."

Nilimuuliza. Klara akawa mwekundu mpaka kichwani, maana kichwa kilikuwa wazi. Akasema si kuzika, ni kwa ajili ya filamu tu. Watu wa dunia nzima watamwona shangazi, watamsikia, watajua baba yake alitoka wapi. Akasema hii ni kumbukumbu, na kumbukumbu ikipotea haipatikani. Alisema kwa machozi, na najua hakuwa anadanganya.

"Mwambie hivi," Mama Sayi akaniambia, na alisema pole pole ili nisiruke neno. "Mimi kaka yangu nimemngoja miaka, nikamlilia jana, akalala. Nami nikalala. Mtu akishalala hagutushwi kwa sababu aliyekuja kumtazama hakuona vizuri. Msiba hauiti mtu mmoja mara mbili. Ukiita tena, ujue unamwita mwingine. Mwambie asinifukulie ndugu yangu."

Nikatafsiri. Tomas akauliza kutoka mlangoni kama hatuwezi basi kulia bila kufukua. Hilo sikulitafsiri, na Mama Sayi hakuuliza. Jioni niliambiwa kwamba Tomas alivuka uzio kwenda kuongea na Baba Juma, kwa ishara na kwa noti, amzimie karasha asubuhi moja. Baba Juma alimwuliza, kupitia kijana wake aliyejua Kiingereza kidogo, "Nizime kwa msiba wa nani? Wa Luhende umeisha." Akamrudishia noti zake, akaongeza dizeli.

Nilidhani yameishia hapo. Wiki kama mbili baadaye, Klara akaniambia tunasafiri kwenda kupiga picha za soko la mchele Kahama. Tukaenda, tukapiga magunia na mizani na matrekta, tukala wali na kuku kwenye hoteli moja mkabala na stendi, halafu gari halikurudi Geita. Lilishika njia ya Isaka. Tulipita bandari ya nchi kavu, malori ya Rwanda na Burundi yamejipanga na madereva wamelala chini yake, tukaingia ndani kidogo kwenye mji wa mfugaji mmoja. Mahali pazuri, sikatai. Zizi la miiba, nyumba za nyasi zilizoezekwa upya, hakuna bati, hakuna karasha, hakuna hata redio. Na zizini nikakuta shimo limeshachimbwa. Kando yake wamekaa kina mama saba hivi wenye khanga nyeusi zinazofanana, mpya, bado zina mikunjo ya dukani. Nikaangalia shimo, nikaangalia khanga, nikajua tumeletwa kulia tena.

Mmoja wa wale kina mama, muuza mchele wa Isaka, mchangamfu, akanisogelea tukaamkiana. Akanishika mkono akaniuliza kwa sauti ya chini, "Mwanangu, huyo marehemu alikuwa anaitwa nani? Nipate kumwita vizuri." Sina ugomvi na mama yule mpaka leo. Alikuwa ameitwa kazini, akataka kazi yake iwe na adabu. Nilimwambia, "Mama, marehemu alishaliliwa." Akanitazama, akaniachia mkono. Alielewa mara moja, kwa sababu naye ni mtu wa huku. Alianza kuifungua khanga yake, na ni Klara aliyemwahi. Klara alikuwa amejifunga kitenge kichwani, na kwa Kiswahili chake kile cha kubabaisha alisema, "Luhende. Jina Luhende. Tafadhali, mama." Yule mama akanitazama mimi, akamtazama mtoto wa marehemu anayemwomba kwa machozi amlilie baba yake, na akashindwa kukataa. Nani angeweza? Niliwapa mgongo. Nilitembea mpaka barabara kuu, na nyuma yangu nikasikia jina la mjomba wangu linapandishwa na watu wasiomjua, kwenye zizi lisilo lake, juu ya mchanga uliochotwa kando ya reli. Tomas alikuwa na kimya chake hatimaye. Nilidandia lori la magunia mpaka Kahama, nikapata basi la Geita kesho yake.

Hakufa mtu. Nasema mapema kwa sababu kila ninapokisimulia kisa hiki watu huniuliza, "Je, akafuata nani?" wakisogeza viti. Hakufuata mtu. Kana kwamba ni lazima tupate maiti ndipo tustahili kusema tumekosewa.

Mwaka ulikuwa unaelekea kuisha na mvua zimeanza kanda ya filamu ilipokuja kwa posta. Hatukuwa na deki, tukaenda Kalangalala kwenye kibanda cha video, mwenyewe akatufungulia asubuhi kabla ya wateja wa mpira. Tulikaa benchi la mbele, Mama Sayi kavaa gauni lake la kanisani, Sayi kulia, mimi kushoto. Ilikuwa filamu nzuri. Nasema hivyo kwa uchungu, mimi ninayejua kazi hii sasa. Sebule yetu ilikuwemo, karanga zilikuwemo, mikono ya Mama Sayi inapembua mchele ilikuwemo, mikono tu. Kisha likaja zizi la Isaka. Wembe unapita kichwani mwa msichana anayeonekana kwa nyuma, nywele zinaanguka, nywele za binti wa watu, maana za Klara tulikuwa tumeshazichoma. Na yule mama muuza mchele akainua uso, akalia vizuri sana, akamwita Luhende, na chini yake yakatokea maandishi. Mama Sayi hakujua kusoma. Akamwuliza mwanawe, "Pameandikwaje?"

Sayi akainamisha uso.

"Bhebhe, wewe, nimekuuliza."

"Pameandikwa jina lako, mama. Kabula, dada wa Luhende."

Mama Sayi akamtazama yule mwanamke mpaka akaisha kulia na picha ikahamia kwenye machweo. Hakukasirika. Ningefurahi angekasirika. Aliuliza tu, kama anayeuliza njia, "Na mimi nimekwenda wapi?"

Nilimwandikia Klara barua ambayo nikiisoma leo ningeifanya kali zaidi. Alijibu kwa upole. Alisema ananielewa, lakini yule mwanamke si Mama Sayi wala si mtu mmoja, ni shangazi wote walioachwa na ndugu zao waliovuka bahari. Jina ni alama tu. Shangazi wote! Mama mdogo wangu alikataa kuufukua mchanga kwa sababu alikuwa na kaka mmoja, mwenye jina moja la kutaniwa, na Klara akambadilisha mama huyo akawa shangazi wote. Filamu ilizunguka dunia. Ilipewa tuzo. Nimekutana nayo vyuoni, nimeisikia ikisifiwa na vijana waliozaliwa baada yake, msomi mmoja mwenye miwani amewahi kunifundisha, mimi Minza, namna wanawake wa Kisukuma wanavyoomboleza, akisimamisha picha kwenye uso wa muuza mchele wa Isaka. Nilimwambia, "Huyo hakufiwa." Akaniambia huo ni mtazamo wa kuvutia. Kwa miaka yote ya kazi yangu, harusi, mikutano ya vijiji, filamu zangu fupi za wachimbaji wanawake, sijamwambia mtu yeyote arudie jambo alilokwisha kulifanya kwa moyo wake. Nimepoteza picha nyingi nzuri kwa namna hiyo. Zilale salama.

Wiki moja baada ya kumzika Mama Sayi, Klara alinipigia. Wajukuu walimpata mtandaoni wakampa habari. Sauti yake imezeeka. Kiswahili chake, ajabu, kimenyooka. Alinipa pole, nikaipokea. Nikamweleza kuhusu bango. Akasema ana kitu cha kunitumia. Ile kanda ya kwanza, ya zizi letu, hakuitupa. Anatengeneza toleo jipya la filamu, na safari hii anataka kumweka Mama Sayi mwenyewe. Mimi ndiye mkubwa niliyebaki, kwa hiyo ananiomba ruhusa ya ukoo.

Niliitazama ofisini kwangu Kahama, mlango nimeufunga. Karasha la Baba Juma lilijaa chumba. Katikati yake Mama Sayi amepakata ngozi, shingo imesimama mishipa, na ukitega sikio unampata: hapa jina, hapa tusi la utani, hapa uji. Halafu kutoka ukingoni mwa picha anaingia mwanamke kijana mwenye viatu vyeupe, anatembea vibaya, anaanguka, na Tomas, Mungu amsamehe, hakuihamisha kamera. Nilimtazama Klara akilia mpaka kanda ikakatika. Alikuwa na kilio chake mwenyewe, kizima, na shangazi yake amemkumbatia ndani yake. Alikiweka kabatini, akaenda Isaka kuazima cha watu. Hasira yangu ya miaka yote ilikuwa kwa ajili ya Mama Sayi. Hiyo haijapungua hata punje. Ila siku ile iliongezeka nyingine, kwa ajili ya Klara mwenyewe.

Nikampigia. Nikamwambia ukoo unakubali, kwa masharti. Jina la Mama Sayi litoke kwenye uso wa yule mama wa Isaka. Na zizi letu liingie kama lilivyo.

"La kwanza nitalifanya kesho," akasema. "Lakini lile la pili, Minza, siku hizi kuna programu. Tunaweza kuliondoa karasha lote, abaki yeye peke yake. Pale patakapobaki na pengo nitajazia sauti ya wale kina mama wa Isaka. Ni kidogo tu, haitajulikana."

"Karasha aliliacha mwenyewe lisizimwe. Nilikutafsiria."

"Najua. Nakumbuka. Lakini likibaki, mtu aliyekaa ukumbini atasikia mashine tu. Nani atamsikia shangazi?"

"Waliotakiwa kumsikia walikuwepo," nikamwambia. "Na wewe ulikuwepo."